Mama, Mkate na Jina la Gundula

Dada yangu Gundula aliandika filamu za upelelezi za televisheni miaka nenda miaka rudi, na hapa mtaani kwetu Bochum, Ujerumani, hakuna aliyemjua. Waigizaji waliombwa saini hata sokoni. Yeye? Aliombwa apishe njia. Hakujali hata kidogo, maana kazi aliijua na alijua kwamba anaijua. Mtu mmoja tu ndiye aliyemkera: mama yetu, Alwine.

Mama hakukosa filamu ya Jumapili. Lakini taarifa ya habari ikiisha tu, ndipo anaanza kukata mkate na kupaka soseji ya maini, na majina yote ya mwanzo wa filamu yanapita yeye kainamia sahani. Kwa hiyo aliamini waigizaji wanajisemea tu.

"Gundula mwanangu, kazi utatafuta lini?" Kila Jumapili! Nikimwambia, "Mama, hiyo ndiyo kazi yake," ananijibu, "Nyamaza, Reinold, nasikiliza."

Mwaka mmoja moyo wa mama ukaanza kusumbua. Gundula akaniambia waziwazi, "Sitaki afe akidhani mimi mvivu." Ndipo akaandika habari ya mjane anayetembelewa na inspekta. Mwongozaji, Volkmar Jessen, akapiga simu nyumbani kwa Gundula, nami nipo.

"Huyo kizee anaropoka mno. Namkata."

"Ukimkata, ukate na jina langu."

"Waandishi wamejaa tele, bibi wee."

"Basi mwite mmoja amalizie. Mwuaji anajulikana kwa matope ya sakafuni mwa huyo mama. Kazi njema!"

Akakata simu, akaniomba kahawa. Mimi jasho lilikuwa linanitoka! Kahawa haijapoa, Jessen akapiga tena, sauti imenywea. Mjane abaki.

Siku ya kuonyeshwa ikafika, tumeketi sote watatu kwa mama. Inspekta akaingia na viatu vya matope, mjane akamfokea: "Simama hapohapo kwenye gazeti! Jana tu nimepiga deki. Vua viatu kwanza, ndipo uniulize nani kaua!"

Kisu cha mama kikasimama. Jamani, hayo ni maneno yake! Sisi tumekua nayo kila Jumamosi.

"Mwizi mkubwa huyu! Nani kamfundisha?"

"Mimi," Gundula akasema. "Nimeandika mimi. Hiyo na nyingine nyingi ulizozitazama hapohapo ulipokaa."

Mama akamtazama, akautazama mkate, akaendelea kula mpaka filamu ikaisha. Dada yangu akachukua koti lake akaenda zake. Nilimwonea huruma mpaka nikakasirika. Sikumuaga mama nilipokwenda kulala.

Jumapili iliyofuata mama alikata mkate kabla hata ya taarifa ya habari. Muziki wa filamu ulipoanza alikuwa kaketi wima, miwani puani, sahani kaisukuma pembeni. Majina yakaanza kupita, akayasoma moja moja kwa sauti hadi la mwisho.

"La kwako liko wapi?" akamwuliza Gundula.

"Leo kaandika mwingine, Mama."

"Basi Reinold, zima hicho kitu," mama akasema. "Tule."