Kapita wa Maji ya Tshopo

Siku Émile alipomwona Félicien kwa mara ya kwanza, Félicien alikuwa amesimama juu ya mwamba na viatu miguuni. Ndiyo sababu Émile aliacha mtego wake akamtazama. Katika maporomoko ya mto Tshopo mtu hapandi mwamba na viatu, kwa kuwa mwamba una utelezi wa kijani, na maji ya chini yake hayana desturi ya kurudisha mtu. Mgeni yule alishika fito ndefu iliyopakwa rangi nyekundu na nyeupe. Aliichomeka majini, mkondo ukaivuta, naye akaivuta, wakawa wanashindana kama watu wawili wanaogombea shuka moja.

"We papa," Émile akamwita kutoka kwenye miti yake ya kuvulia, "viatu vyako vinajua kuogelea?"

"Viatu ni vya kampuni," mgeni akajibu bila kugeuka. "Vikizama, kampuni italia."

"Na wewe ukizama?"

Mgeni akafikiri kidogo. "Bon, mimi ni wa mama yangu, na mama yangu iko mbali." Akaketi pale pale, akavua viatu.

Émile hakuwa mtu wa maneno mengi. Mbele ya watu wengi ulimi wake ulikauka, na hata kanisani alisimama nyuma karibu na mlango. Lakini siku ile alicheka kwa sauti, na mkewe Pétronille, aliyekuwa akikausha samaki ukingoni, aliinua kichwa kuona nani amemchekesha mumewe.

Félicien alikuwa mzaliwa wa Isangi, mtoto wa mfanyabiashara wa mto aliyeuza samaki na kwanga, mikate ya muhogo, kutoka mtumbwi mmoja hadi mwingine. Mapadri walimfundisha kusoma miaka michache, kisha akaenda kufanya kazi katika kiwanda cha mafuta ya mawese, akilisha tanuri la mashine. Alikaa mbele ya moto ule mpaka nyusi zake zikawa nyembamba. Alipopanda Kisangani, mji ambao Wazungu waliuita Stanleyville, kampuni moja ilimfanya kapita, msimamizi wa watu waliopima mto. Ilikuwa mwaka wa 1952. Kampuni ilitaka kujenga ukuta Tshopo ili maji yazungushe mashine za umeme.

Kazi yake ilikuwa na shida moja. Alitakiwa kusimamisha jukwaa la miti katikati ya mkondo ili wapimaji wasimame juu yake, na kila alilosimamisha lilichukuliwa na maji kabla ya jua kuwa kali. Mtu wa Isangi anajua maji mapana yanayokwenda polepole. Maji yanayoruka hajayazoea.

Émile naye alikuwa na shida yake. Watu wa maporomoko hawavui popote wapendapo. Kila mkondo mkali una mwenyewe, aliyeupata kwa baba yake, na baba kwa babu. Miti minene husimikwa katika mashimo ya mwamba, hufungwa kwa kamba za msitu, na juu yake huning'inizwa mitego mikubwa kama mapipa yaliyochongoka, midomo ikikabili maji. Asiye na mahali huomba kuning'iniza mtego mmoja kwenye miti ya mwenzake, na hula kwa kushukuru. Mahali pa Émile palisifiwa kuliko pengine pote upande ule. Lakini hakuna anayesimika miti peke yake. Lazima awepo wa kushika ncha ya pili ya kamba. Kaka yake René, aliyekuwa akiishika, alikufa kwa homa, na tangu hapo miti ilikuwa imelegea na mitego inachukuliwa mmoja mmoja.

Basi wale wawili wakasaidiana. Émile alimfundisha Félicien kuteremka na mti begani, kuusikia mwamba kwa kisigino, kusubiri maji yavute pumzi kabla ya kupenyeza mti shimoni. Akamfundisha na fundo la René, ambalo linakaza kadiri linavyolowa, na ambalo mtu asiyelijua hawezi kulifungua hata akae nalo kutwa. Siku waliyosimika miti mipya ya Émile, Félicien alishika ncha ya pili ya kamba.

Kwa watu wa maporomoko jambo hilo si dogo. Anayeshika ncha ya pili huitwa mutu wa kamba. Tangu siku hiyo ana fungu lake katika kila samaki, na miti ile haifunguliwi mpaka wote wawili wasimame pale. Émile hakumweleza Félicien. Mtu mzima haelezwi jambo kama hilo, huonyeshwa. Jioni ile Émile alichukua samaki mkubwa kuliko wote akampa Félicien kabla ya kumpa mkewe, na Félicien akampokea kwa mikono miwili.

"Sasa nimeolewa na wanaume wawili," Pétronille akasema. "Na huyu wa pili anakula zaidi."

Félicien alikula kwao misimu miwili. Alipenda kuzungumza akiwa na chakula mkononi, na mazungumzo yake yalikuwa yale yale kila mara, habari ya moto. Siku moja alileta mkate kutoka mjini, akaumega mbele yao.

"Angalieni hii. Ngano haikulimwa hapa. Imekuja na bateau, meli ya moshi, na bateau imekula kuni njia yote. Kusaga ngano, moto. Kuoka, moto tena. Donc mutu anasema anakula mkate, lakini nyuma ya mkate kuna msitu muzima umeungua."

"Nyuma ya samaki wangu," Pétronille akasema, "kuna mume wangu amelowa mpaka mifupa."

"Na chumvi uliyotia? Na kisu ulichopasulia? Kisu ni chuma, mama, na chuma ni mutoto wa moto. Saruji vilevile. Kioo vilevile. Mji ni moto tu, umevaa nguo. Sasa kuni zinakwisha, kila mwaka wanakata mbali zaidi. Lakini mayi hii," akaelekeza kidole mtoni, "haikwishi. Ikizungusha mashine, hospitali itakuwa na taa, unga utasagwa, nyama haitaoza. Hata huko Mangobo, mitaa ya watu weusi, mama atawasha taa kwa kidole."

"Na samaki?" Émile akauliza.

"Samaki iko palepale. Mashine hainywi mayi. Inaingia huku, inatoka kule."

"Na ukuta utapita wapi?" Pétronille akauliza, na macho yake hayakuwa kwenye mkate.

"Juu, mama. Mbali na mahali petu."

Alisema petu. Émile alilishika neno lile moyoni kwa muda mrefu. Wenzake wa maporomoko walipoanza kunung'unika kuhusu baruti za kupasua miamba na makelele, yeye, asiyesema mbele ya watu, alisimama akasema kwamba mutu wake wa kamba ni kapita wa kampuni, na kama kungekuwa na hatari angejua. Walimwamini kwa sababu hawakuwahi kumsikia akisema bure.

Ukuta ukaanza kuota. Saruji ilipanda kutoka bandarini, vyuma vikarundikwa ukingoni, na Félicien akapewa kofia ngumu na watu wengi wa kuamrisha. Jiko la wafanyakazi lilinunua samaki wa Émile, na Pétronille akapata sufuria mpya na kitambaa cha sikukuu, hata ulimi wake ukapungua ukali. Halafu asubuhi moja Félicien akaja akasimama tu, hakuketi.

"Ndeko, ndugu yangu, kamba za msitu wa hapa zimekwisha. Mafundi wanataka za kufungia magogo. Wanasema nyuma ya kijiji cha Yanonge kuna nzuri, lakini nani atazijua? Nimewaambia kuna mutu mumoja tu. Bateau ya kampuni itakupeleka na kukurudisha."

Émile hakuwahi kupanda bateau ya kampuni. Alivaa shati lake la kanisani. Félicien alimsindikiza hadi bandarini, akambebea panga lake, akasimama pale mpaka bateau ikaingia katikati ya mto.

Yanonge alikata kamba, akazikunja, akangoja. Bateau iliyosemekana itarudi kumchukua haikurudi. Alingoja hadi watu wa pale wakaanza kumwuliza kama ameoa kijijini kwao. Mwishowe mtumbwi wa wachuuzi ulimpakia na mizigo yake, akapiga nao kasia mpaka Kisangani.

Alipokaribia Tshopo kwa miguu, kamba begani, alijua kabla ya kuona. Masikio ndiyo yaliyomwambia. Tangu azaliwe sauti ya mahali pale ilikuwa ndani ya kichwa chake kama pumzi yake mwenyewe, na sasa upande ule ulikuwa kimya. Maji yalikuwa yamegeuzwa kuingia kwenye mfereji wa ukuta. Mwamba wa baba yake ulikuwa mkavu, mweupe, na mijusi ilikuwa ikiota jua juu yake.

Miti yake ililazwa ukingoni, imepangwa vizuri, mirefu na mirefu, mifupi na mifupi. Kando yake kulikuwa na kamba. Émile akachuchumaa. Aliitazama kamba ile kwa muda, kisha akaipitisha mkononi yote kutoka ncha hadi ncha, akitafuta mahali ilipokatwa na panga au shoka. Haikukatwa. Ilikuwa imefunguliwa, fundo kwa fundo, na kukunjwa.

Pétronille alimkuta pale. "Nililia, nikawatukana wote," akasema. "Watu wa kampuni walinizuia nisikaribie. Sikuona ni nani alikuwa kwenye miti."

Émile akairudisha kamba pale ilipokuwa.

Tangu hapo alivua kwa mtego mmoja, kwenye miti ya binamu yake, akila kwa kushukuru. Wale waliomwamini siku aliposimama kusema hawakumlaumu kwa mdomo. Walisogea tu kumpisha alipopita, kama wanavyompisha mfiwa, na hilo lilimwuma kuliko matusi. Umeme ukawaka. Taa zikang'aa katika mitaa ya Wazungu, mashine za mbao zikapiga kelele mchana kutwa, na uwanja wa ndege wa Simi-Simi ukapata mwanga. Nguzo za waya zilipita karibu na nyumba za Mangobo zikaendelea na safari yao, na akina mama wa pale wakabaki na vibatari. Sokoni kukaja samaki wa baharini, wagumu kama kuni, macho yao meupe, waliotoka kwenye chumba cha baridi cha mjini. Pétronille, aliyekosa samaki wa kukausha, alinunua mmoja akamweka mbele ya mumewe.

"Huyu amegandishwa na mayi yetu," akasema. "Nenda ukamwulize mwenzako."

Émile alichelewa kwenda. Si kwa kumhofu Félicien. Kulikuwa na jambo moja aliloegemea kila alipoamka, nalo lilimwezesha kuamka: Félicien alikuwa mtu wa Isangi, mgeni, na mgeni hakujua maana ya kushika ncha ya pili. Alifunga kama anavyofunga kibarua, akafungua kama anavyofungua kibarua. Mtu anayekukanyaga gizani si sawa na anayekukanyaga mchana. Émile aliogopa tu kwamba akiuliza, angejibiwa.

Akaenda Jumapili moja baada ya misa. Félicien alikuwa na nyumba ya matofali katika kambi ya wafanyakazi, na taa iliwaka ndani ingawa jua lilikuwa kali nje. Mkewe Clothilde alikuwa akipiga pasi yenye waya. Mezani kulikuwa na pondu ya majani ya muhogo, kwanga, na samaki yule mwenye macho meupe. Félicien aliinuka. Uso wake ulijaribu kucheka, ukaacha.

"Ndeko. Ikala, ule."

Émile alibaki amesimama karibu na mlango.

"Kuna kazi kwenye chumba cha baridi," Félicien akasema. "Kubeba barafu. Nilishasema na patron, anakungoja wewe."

"Sikuja kuomba kazi."

"Najua."

Clothilde akachomoa pasi, akatoka nje.

"Wewe ndiye ulifungua?" Émile akauliza.

"Ni mimi. Waliniambia nikate na shoka. Nilikataa kukata."

Alisema hivyo kama mtu anayetoa zawadi, na Émile hakujua aiweke wapi.

"Ulijua tangu lini kwamba mayi itaondoka pale?"

"Tangu mwanzo. Kazi yangu ilikuwa ni hiyo, kutafuta mayi yenye nguvu. Na yenye nguvu kupita zote ilikuwa ya kwako."

"Ukala kwangu misimu miwili."

"Nilikula. Alors, ningekuambia, ungefanya nini? Mungeleta mapanga, wao wangeleta askari. Mungekufa, na ukuta ungejengwa. Mji hauwezi kungoja, Émile. Hospitali inataka, unga unataka, kila kitu kinataka."

"Mimi sikuuliza habari ya mji."

Félicien akaketi. Alisukuma sahani kando, akaivuta tena, akatazama mikono yake. Lilibaki swali moja tu, na sauti ya Émile ilipotoka ilikuwa ndogo, kama anaomba.

"Siku ile tulisimika miti. Wewe ni mutu wa Isangi. Hukujua maana ya kushika ncha ya pili. Ni hivyo?"

Émile akamngoja Félicien, akimwombea moyoni aseme ndiyo.

"Nilijua. Mama Pétronille alinieleza jioni ile ile, ulipokwenda kuoga," Félicien akasema. "Miti haifunguliwi bila sisi wawili, na wewe usingekubali. Ndiyo maana nilikutuma Yanonge."