Mkono wa Baba Mkwe

Mume wangu alipofariki nilibaki Jilore kwa wazazi wake, na bado nipo. Kwetu mkaza mwana hamgusi baba mkwe, haketi kitandani pake wala haingii chumbani mwake. Hakuna aliyewahi kunieleza sababu. Lakini binti yangu, kwa kuwa ni mjukuu, humwita “mume wangu”, humvuta masikio na kumwambia atafute mke wa pili wa kumkanda mgongo. Mzee hucheka mpaka akakohoa.

Asubuhi moja baada ya mvua, mama mkwe akiwa matangani Magarini na binti yangu shuleni, nilisikia kishindo. Mzee alikuwa ameanguka chumbani, mguu umemkunjikia chini.

“Usiingie, mwanangu. Nitainuka.”

Hakuinuka. Jirani wa karibu alikuwa ameshuka shambani. Nilisimama mlangoni nikautazama mkono wangu. Hapakuwa na mtu wa kuniona, na sijawahi kumwazia mzee yule lolote ila heshima. Hata hivyo mkono ulikataa, kama unavyokataa kushika kaa la moto. Hata pale nilijiuliza: hofu hii nilitiwa lini, na nani?

Nikavua leso ya juu, nikamrushia pindo. Akashika, nikavuta.

“Wavuta ng'ombe aliyenasa topeni?”

“Ng'ombe angejisaidia kidogo, baba.”

Leso ikamponyoka. Akaanguka tena, na mara hii akapiga ukelele. Ndipo nikaingia. Nikamzungushia leso mkononi, nikamshika juu ya kitambaa, nikamwinua mpaka kitandani.

Chini ya leso niliuhisi mkono mwembamba, kifundo kimetokeza upande mmoja. Kilikuwa kifundo cha mume wangu. Miaka yote ile sikujua alikirithi wapi, kwa sababu sikuwahi kuruhusu macho yangu yamtazame mzee kwa karibu.

Nilichelewa kumwachia. Sitasema ilikuwa huruma. Nilikuwa nimemshika marehemu, na nadhani mzee alijua, maana aliacha kuguna, akatulia. Sijui tulikaa hivyo kwa muda gani. Kisha akautoa mkono wake, polepole, bila kunitazama.

“Nenda shambani ukamwite jirani, aje anitazame mguu.”

Nilikwenda mbio. Nilikuwa nimefika katikati ya mahindi nilipoona kwamba vidole vyangu bado vimekunjwa.