Harufu ya Lozi Mtoni

Wakianza kuoka biskuti za lozi hapa kiwandani Downsview, huku ughaibuni, mimi natoka nje, hata kama theluji inaanguka. Msimamizi anadhani nakwenda kuvuta sigara.

Kijito chetu cha kijijini kilitoka mlimani, na jina lake lilikuwa la lugha ya bibi zetu, maana yake "anayenong'ona". Kwetu, kabla ya kujaza ndoo, mkubwa hunywa kwanza kiganja kimoja, kuushukuru mto. Asubuhi ile mkubwa alikuwa dada yangu.

"Dada, maji yananuka."

"Wewe na pua lako kama la mbwa! Ngoja nikuonyeshe."

Akanywa, akacheka, midomo inang'aa maji. Nyumbani hakufika.

Mwenye mgodi wa dhahabu huko juu ndiye aliyeachia sumu yake ya kusafishia dhahabu, ile inayonuka kama lozi, ishuke mtoni. Huyo namtaja wa kwanza. Wa pili ni mwenyekiti wetu wa kijiji. Alikuja msibani, akamshika mama mkono. "Ni kazi ya Mungu, mama." Wanawake wakamletea maji ya kunywa. Akayakataa kwa upole, akamtuma dereva garini akamletee dumu lake la maji ya mjini.