Mchezo wa Kutotikisika Uani kwa Koko

Kosa langu lilikuwa katika sheria. Niliandika tisa, kwa kalamu ya bluu, kila moja na mstari wake chini, na hakuna hata moja iliyosema mchezo unakwishaje.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Nilikuwa nimemaliza sekondari hapa Kasongo na sikuwa na la kufanya. Kuchapa kwenye kompyuta nilijifundisha kwa kibao cha vitufe kilichokufa ambacho jirani alikitupa: nilikiweka mapajani na kupiga vidole bila kioo mbele yangu. Kifaransa nilikiongeza kwa kamusi isiyo na jalada, ambayo maneno ya herufi A yote yalikuwa yameliwa na mchwa. Mtu anayejifunza peke yake hana wa kumwambia kwamba imetosha. Nilikuwa nikiandika ukurasa, nikikosea herufi moja, nauchana na kuanza upya. Mpaka leo nafanya hivyo, ila sasa nauchana taratibu.

Filamu ile ya Wakorea ilinifikia kwenye memori ya simu, kutoka kwa dereva wa pikipiki anayekwenda Salamabila na kurudi. Ni hadithi ndefu ya vipande vingi. Watu wazima waliokwama maishani wanafungiwa mahali, wanachezeshwa michezo ya watoto, na anayeshindwa anapigwa risasi. Wengine waliitazama kwa ajili ya damu. Mimi niliitazama kwa ajili ya sheria. Nilisimamisha picha, nikarudisha nyuma, nikaandika. Kwenye kuvuta kamba, nani akae mbele na nani nyuma, na kwa nini mwanzoni timu dhaifu ilale kinyumenyume na kutazama mbingu badala ya kuvuta. Kwenye biskuti ya sukari inayochongwa kwa sindano, ulimi unafanya kazi kuliko sindano: lamba upande wa nyuma mpaka umbo liachie. Hiyo niliijaribu mwenyewe jikoni kwa koko, mama wa mama yangu, nikaunguza sufuria yake ndogo. Kwa goroli tulitumia kokwa za michikichi. Daraja la vioo, ambapo kioo kibovu kinamvunjikia anayetangulia na kumwangusha, nililiacha, maana sikupata njia ya kulishinda isipokuwa kuwa wa mwisho kwenye mstari, na hilo liliniudhi siku tatu nzima.

Mchezo nilioupenda kuliko yote ni wa kutotikisika. Ndani ya filamu kuna mwanasesere mkubwa: anapogeuza kichwa, atakayetikisika amekwisha. Mimi nilikuwa mwanasesere. Nilisimama kando ya mpapai uani kwa koko, nimewapa watoto mgongo, nikipiga bido, dumu tupu la mafuta. Bido likilia, mnakwenda. Likinyamaza nageuka, nanyi mnaganda. Anayetikisika analala chini pale pale, hanyanyuki. Hiyo ilikuwa sheria ya tatu.

Ilikuwa likizo na watoto wa mtaa walijaa. Walikuja wa nyumba za Waislamu kutoka upande wa soko, wakaja wetu sisi wa kanisani, na kelele zao nazisikia bado.

"Weye! Umetikisika! Lala!"

"Mimi? Ni upepo!"

"Upepo iko na kaptula nyekundu? Lala huko, maiti wewe."

"Shefu, huyu maiti anakuna tumbo!"

Shefu alikuwa mimi. Nilisimama na daftari langu nikiamua kwa uso mkavu kama hakimu, na moyoni nilikuwa na furaha ambayo sikuwahi kuipata darasani.

Aliyeshinda kila siku ni dada yangu. Kwa hesabu ya nje ni mtoto wa mama mdogo, lakini kwetu huyo ni dada. Alikuwa na miaka tisa. Alikuwa ameletwa kwetu miezi michache kabla, kutoka kijiji kimoja kando ya njia ya Salamabila, baada ya watu wenye bunduki kukivamia. Mama yake hakuja naye. Hakuna aliyekuwa na habari za mama yake, na nyumbani tulikubaliana bila kusemezana kwamba hatutamuuliza mtoto.

Lakini mimi nilimuuliza. Sikumuuliza juu ya mama. Nilimuuliza juu ya mchezo, na nilidhani ni vitu viwili mbalimbali.

Alikuwa akiganda kwa namna ambayo sijaiona tena. Wengine wanaganda kama watu wanaojizuia, unaona magoti yanapigana nao. Yeye alikuwa kama ametoka ndani ya mwili akauacha umesimama. Inzi alitua kwenye mdomo wake, akatembea, akaondoka. Nilifungua ukurasa mpya, nikaandika juu: *Mbinu.* Kisha nikamwita.

"Unafanyaje usitikisike?"

"Natazama kitu moja tu, yaya," alisema. Yaya ni kaka mkubwa. "Jani moja. Siyo mutu. Ukitazama mutu, anakusikia."

Niliandika.

"Na kupumua?"

"Kwa pua. Mudomo inatoa sauti."

"Na ukiwashwa?"

"Siafu wakipanda muguu, usiwatoe. Unawahesabu. Ukifika makumi mawili hausikii tena."

Niliandika na hiyo. Nilipigia mstari *makumi mawili*. Nakumbuka nilimsifu, nikamwambia ana akili ya mchezo, na nikamwomba arudie ile ya jani ili niiandike vizuri. Alirudia. Ukurasa huo ninao mpaka leo. Hauna hata herufi moja iliyokatwa.

Siku ya mwisho ya mchezo, mpunga wa koko ulikuwa umeanikwa kwenye mikeka mbele ya nyumba, na sisi tulikuwa uani. Adhana ya alasiri ilikuwa imekwisha. Watoto walianguka mmoja mmoja mpaka uwanja ukajaa waliolala, wengine wakicheka kwa tumbo, na katikati yao alisimama dada yangu, mguu mmoja mbele. Nilinyamazisha bido na kugeuka. Nilimtazama nikihesabu, nikitafuta walau kope moja inayocheza.

Mvua ilikuja bila kuuliza. Koko alipiga kelele mbele ya nyumba: "Mupunga! Mupunga inalowa!" Maiti wote walifufuka. Nilitupa bido, tukakimbia, tukakunja mikeka, tukaburuza, tukateleza, tukacheka. Watoto wa jirani walirudi makwao. Mimi nilikaa chini ya baraza nikifuta daftari langu kwa shati, ukurasa kwa ukurasa.

Koko ndiye aliyeuliza. "Mutoto iko wapi?"

"Ndani," nilisema, maana watu wengine wote walikuwa ndani.

Hakuwa ndani. Alikuwa uani, pale pale, mguu mmoja mbele. Mvua ilimpiga usoni na macho yalikuwa wazi, yametazama jani la mpapai. Maji yaliyoshuka miguuni mwake hayakuwa ya mvua peke yake. Sijui alikuwa amekaa hivyo kwa muda gani. Mpunga ule haukuwa mchache.

"Umeshinda!" nilimwambia. "Mchezo umekwisha. Twende."

Hakusikia. Nilimshika bega na lilikuwa gumu kama ubao. Nikamwita jina lake, mara ya kwanza kwa sauti ya kawaida, mara ya pili kwa kelele, na nilipopiga kelele niliona kitu kimoja tu kikibadilika: aliacha kupumua.

"Mwachie!" Koko alinisukuma mpaka nikakaa kwenye tope. "Usimuite. Usimuite jina, weye mujinga, unasikia?"

Aliingia jikoni, akatoka akiviringisha kinu kikubwa cha mpunga, akakisimamisha palepale kwenye mvua. Hakikuwa na kitu ndani ila maji yaliyoanza kukusanyika. Akaushika mchi. Akatwanga mara tatu, akapumzika. Mara tatu, akapumzika. Nilidhani bibi yangu amerukwa na akili, watu wawili siku moja. Nilikaa kwenye tope nikiwatazama, na nasema kweli, nilichofikiri ni kwamba majirani watatuona.

Sijui ni mara ya ngapi. Dada yangu alifumba macho. Kisha mguu wa nyuma ukaja mbele, ukakutana na mwenzake. Akatembea mpaka kwenye kinu akaweka mikono miwili kwenye ukingo wake, na koko hakuacha kutwanga.

Baadaye, mtoto akiwa amefunikwa karibu na moto, koko aliniambia jambo ambalo sikuwahi kulisikia, ingawa nimezaliwa nyumbani mwake. Miaka ile ya vita vya kwanza, kabla yangu, walikuwa wakikimbilia porini mara kwa mara. Mwanamke mmoja, mara nyingi mzee, alikuwa anatangulia kurudi kijijini kuangalia. Akikuta kumetulia, hakuita. Alitwanga kinu kitupu, tatu na pumziko, na waliojificha wakatoka.

"Kwa nini asiite tu?" niliuliza.

"Wanaweza kumuwekea mutu bunduki, wamulazimishe aite jina yako," alisema. "Na sauti unaijua, ni ya mama yako, unatoka. Kinu hawaijui. Wanajua tu kula."

Koko aliwafundisha binti zake wote wawili ishara hiyo. Mama yangu aliisahau, alikulia humu mjini zaidi. Mama mdogo hakuisahau. Mwanamke mmoja wa kijiji chao, aliyemleta dada yangu kwetu, alikuwa amemweleza koko, na koko alinificha: wanakijiji wenzake walimkuta porini, siku ya tatu, amesimama nyuma ya mti. Watu waliokuwa wakimtafuta walipita mara mbili wakimwita kwa jina, na hakuitika. Mama yake alikuwa amemwambia asitikisike mpaka asikie kinu. Hakuna aliyetwanga. Walimbeba akiwa bado amejikaza, wakampakia kwenye pikipiki hivyo hivyo.

Kwa hiyo mchezo wangu haukumpata mtoto aliyekuwa anacheza. Nilikuwa nimemrudisha porini kila alasiri kwa majuma mawili, na nikasimama na daftari kuandika anavyofanya.

Nitasema na hili, kwa sababu nikiliacha nitakuwa nimeandika uongo. Kabla sijalala nilifungua daftari nikaongeza sheria ya kumi: *Mwenye bido atangaze mwisho.* Nilipigia mstari. Nilikuwa bado nasahihisha.

Alikaa siku kumi na moja bila kusema. Alikula akipewa, alikaa akikalishwa. Niliogopa kila nilipomwona ametulia, na alitulia karibu siku nzima. Nilimpitia mara mia nikihakikisha kope zinacheza. Koko alikataza mtu yeyote kumlazimisha neno. Siku ya kumi na mbili alinikuta nikichota maji kwenye pipa, akasimama nyuma yangu.

"Yaya. Mama naye atasikia?"

Nilijua anauliza kama mama yake atakisikia kinu chetu. Nilikuwa na majibu ya kamba na biskuti na kokwa tu. Koko alijibu kutoka jikoni.

"Hapa mpaka kule ni mbali, mwanangu. Lakini twanga."

Akaanza. Kila alasiri aliuchukua mchi mdogo, akatwanga kinu kitupu, tatu na pumziko, mpaka mikono ikamshinda. Mchi juu ya mti mtupu unalia kwa namna mbaya, unaingia kwenye meno. Majirani walistahimili kwanza, kisha wakaanza maneno.

"Kwenu munakula mara ngapi kwa siku?" mama wa ng'ambo ya njia aliuliza juu ya ua.

"Tunatwanga upepo," koko alimjibu. "Njoo na sahani."

Mimi sikuweza kuvumilia. Kila pigo lilikuwa linanitaja. Nilianza kuondoka nyumbani saa hiyo, nikitembea mpaka sokoni bila haja, na hata kule nilikuwa nasikia tatu na pumziko katika viatu vya watu. Nilimwomba koko amzuie. Nilisema mtoto anajidhuru, anangojea kitu ambacho hakitakuja.

"Alikuwa anangojea amesimama," koko alisema. "Sasa anangojea mikono inatembea. Hauoni tofauti?"

Iliendelea mpaka mavuno mengine. Siku moja, dada yangu akiwa ameshaushika mchi, koko alikuja na ungo wa mpunga ambao haujakobolewa na kuumimina ndani ya kinu bila kuomba ruhusa. Nilikuwepo. Nilikuwa nimeacha kutoroka kwa sababu miguu ilichoka kabla ya masikio.

Mtoto aliangalia ndani. "Sauti itabadilika," alisema.

"Itabadilika," koko alisema.

"Hatajua kama ni mimi."

"Hapana. Atajua hapa kuna chakula."

Alisimama na mchi hewani muda mrefu. Kisha aliushusha. Sauti ilikuwa nene, ya kawaida, ile inayotoka katika nyumba zote za mtaa wetu saa hiyo. Alitwanga mpaka maganda yakaachia, akapepeta vibaya, mchele mwingi ukamwagika, kuku wakaja. Koko hakumsahihisha.

Mama yake hajarudi na hakuna aliyeleta habari. Dada yangu sasa yuko mwaka wa sita wa shule ya msingi. Mwalimu ameniita mara mbili kulalamika kwamba hatulii kwenye benchi, anageuka, anatingisha miguu, anasumbua jirani, na mara zote mbili nilisema nitamkanya, na sikumkanya. Mimi nachapa barua za watu karibu na soko. Mtoto akinionyesha jambo analolifanya vizuri kupita umri wake, siandiki kitu. Namuuliza kwanza alikofundishwa, na kama hataki kusema, namwacha.