Jumapili Tulizokaa Mtoni Kitisuru

Sisi tuliokulia Nairobi ya miaka ya hamsini tunajua Jumapili ilivyonukia: sabuni ya mche, viatu vilivyopakwa rangi, viazi vitamu vikichemka. Baba alitunza bustani ya mzungu mmoja kule Kitisuru, nasi tuliishi chumba kimoja nyuma ya jikoni. Niliruka kamba na watoto wa mpishi mpaka magoti yakawa mekundu kwa udongo.

Halafu mdogo wangu alifariki kabla hajaanza kutambaa. Tulimzika, na Mama akanyamaza. Alipika, akafua, kisha akaketi kitandani kuutazama ukuta. Akina mama wa kanisa walipoleta sukari na majani ya chai, alishukuru kwa kichwa. Nikaanza kuogopa kwamba nimebaki na Baba tu.

Jumapili moja tulipotoka kanisani, Baba hakushika njia ya nyumbani. Aliteremka katikati ya mibuni hadi mtoni, akatandika koti lake juu ya nyasi.

"Mama Rasoa, keti hapa."

Nilipofungua mdomo kuuliza tumefuata nini, akaniwahi: "Rasoa, angalia maji."

Basi nikaangalia maji. Niliyaangalia mpaka usingizi ukanichukua.

Ikawa desturi yetu. Polepole nikaanza kuona mambo: kereng'ende akisimama hewani, upepo ukigeuza majani upande wake mweupe. Mama naye akaanza kuvua viatu na kutia miguu mtoni. Lakini bado kimya.

Ng'ambo kulikuwa na ndege wa kahawia, kichwa kama nyundo, akijenga kiota kikubwa kama kapu la mahindi. Alibeba vijiti, matambara, hata soksi kuukuu. Siku moja alikuja akiburuta kipande cha kamba ya kuanikia nguo. Kikanasa kichakani. Akavuta, akavuta, kikaachia ghafla, naye akaanguka majini kinyumenyume.

Mama akacheka.

"Huyu, bibi yake amemtuma nini?" akauliza.

Baba hakuthubutu kumgeukia. "Amesema asirudi bila soksi ya pili," alijibu, na sauti ikamkatika. Mama akamshika mkono. Mimi nikajifanya naangalia maji.

Jioni ile Mama aliniita kwa jina langu, akanituma chumvi kwa mke wa mpishi. Nilikimbia kama niliyetumwa dhahabu. Mama hakumsahau mtoto tuliyemzika. Kuna siku alilia. Ila sasa alilia kwa sauti, nasi tukiwa karibu naye.

Leo mibuni imekwisha, kuna kuta na mageti. Vijana wakifika mtoni huyapiga maji picha, wakaondoka kabla ya kuyaona. Juzi nilimleta mjukuu wangu mahali palipobaki wazi. Mitihani ilikuwa imemnyima usingizi.

"Shosho, hapa hakuna network!"

"Hata enzi zetu haikuwepo," nikamwambia.

Aliguna, akatia simu mfukoni. Akakaa kwa hasira, kisha akakaa tu. Mabega yakamshuka. Jua lilipoanza kupungua nguvu, mgongo ukaniuma, nikainuka, nikamwambia twende.

"Bado, shosho," akasema bila kugeuka. "Tukae kidogo."

Nikaketi tena.