Waraka Alioukataa Mama

Mama yangu ni mtu wa kanisa. Tangu nipate akili sikumbuki akikosa ibada, hata ile miaka tuliyokimbia vita tukakaa kambini, ambako kanisa lilikuwa turubai na mawe ya kukalia. Kwa hiyo Jumatano ile alipoinuka katikati ya masomo, akajifunga khanga yake na kutoka nje bila kumuaga yeyote, nilidhani ameugua.

Tulikuwa tumesharudi Mute, kijiji chetu cha kaskazini mwa Msumbiji. Jumuiya yetu ya Wakristo, wengi wetu Wamakonde tulioteremka kutoka bara, ilikutana kila Jumatano alasiri kwenye banda la mabati tunalolifanya kanisa. Vitabu vyetu vya Kimakonde na Kiswahili viliteketea pamoja na nyumba. Kilichobaki ni kimoja cha Kireno, cha katekista wetu. Mimi nafundisha shule ya msingi, basi kazi ya kutafsiri nikapewa mimi: nasoma Kireno, kisha nayasema maneno yale kwa Kiswahili chetu cha huku. Tulikuwa tunapitia waraka mrefu wa mtume, ule aliowaandikia waumini wa mji mkuu wa dola ya Kirumi, sura moja kila wiki. Siku ile tulifika pale anapowaagiza wawatii wenye mamlaka, kwa sababu mamlaka yao yametoka kwa Mungu.

Nilipofika kwenye neno "autoridades" nilisita kidogo, kisha nikasema "wakubwa wa serikali". Ndipo mama akainuka.

Masomo yalipokwisha nilimkuta kwa jirani yetu, mwanamke Mwislamu wa pwani ambaye ndugu zake wa kisiwa cha Macaloe humletea samaki wakavu wa kuuza. Walikuwa wanamenya muhogo pamoja.

"Mama, unaumwa?"

"Siumwi."

"Mbona umetoka?"

"Maneno yale nilishayasikia zamani. Sitaki kuyasikia tena, tena kwa sauti yako."

Nilikaa chini. Nina miaka karibu hamsini, na habari aliyonisimulia siku ile sikuwahi kuisikia.

Alipokuwa msichana mdogo kule juu bara, kila familia ililazimishwa kulima pamba ya Wareno. Mwaka mmoja baba yake aliacha magugu yaote kwenye pamba ili awahi kupalilia mahindi ya kulisha watoto. Sipai, yaani askari mweusi wa wakoloni, akaja kumchukua, akampeleka kwa mkuu wa posto, Mreno aliyetawala eneo lile. Huko akapigwa palmatoria, ubao mnene wenye matundu, kwenye viganja vyote viwili. Mikono ilivimba hata hakuweza kushika jembe. Bibi alimlisha ugali kama mtoto.

"Jumapili tukaenda misheni," mama alisema. "Mkuu wa posto alikaa mbele, kwenye kiti, kofia ameiweka magotini. Padri akahubiri, na katekista wake akageuza kwa Kimakonde. Ndiyo maneno hayo hayo uliyosoma wewe. Baba alikuwa amekaa chini, mikono ameificha ndani ya shuka. Nikamtazama. Akaitikia amina. Aliitikia, mwanangu! Sijasahau mpaka leo."

"Lakini hukuacha kanisa."

"Niache kwa nini? Mungu si wa yule Mreno. Niliuacha ule ukurasa tu."

Kesho yake nilikwenda kwa katekista. Ni kijana kuliko mimi, mtu mwangalifu, hasemi jambo kabla ya kulipima. Alikuwa anaziba pancha ya baiskeli. Nilipomweleza, aliifuta mikono yake na kuingia ndani kuchukua kitabu.

"Mama yako anajua mwandishi wa waraka ule aliishia wapi?" aliniuliza. "Dola ile ile aliyosema itiiwe ilimtia pingu. Hizi nyaraka hapa aliziandika akiwa kifungoni. Na tangu zamani Kanisa linasema wao ndio waliomuua."

"Basi alikosea alipoandika vile?"

"Sijui. Pengine aliogopa watu wake wasichinjwe. Walikuwa wachache, na askari kila mahali. Hata mimi kuna maneno nayasema kwenye kizuizi cha barabarani, na mengine nayasema hapa kwangu."

Kisha akanifungulia kitabu cha mwisho kabisa cha Biblia yake, penye maono ya mji mkubwa wa kifalme unaoanguka, na wafanyabiashara wakiulilia kwa kuwa hakuna tena wa kununua shehena zao.

Akaniazima Biblia ile, na alasiri nilimsomea mama uani, jirani yetu akiwepo. Niliposema mtume alifungwa, mama alijipiga paja.

"Kumbe naye alifungwa! Na padri alijua?"

"Padri alisoma miaka mingi, mama. Lazima alijua."

Alichukua muhogo mwingine kwenye beseni, akaanza kuumenya. "Endelea," akasema.

Nikawasomea habari ya mji ule na orodha ya shehena: dhahabu, hariri, mdalasini, mvinyo, pembe za ndovu, na mwishoni kabisa, watu. Jirani akaweka kisu chini.

"Pembe na watu," alisema. "Hizo si bidhaa za pwani hii? Kwetu wanajisifu kwamba babu wa babu yangu alikuwa tajiri wa pembe. Hawasemi nani alizibeba mpaka ufukweni."

"Walikuwa babu zangu," mama alisema.

Wakatazamana. Mimi sikujua niangalie wapi. Kisha mama akasukuma beseni la muhogo mbele ya mwenzake. "Haya, menya basi, maji yanachemka." Jirani akaanza kucheka, mama naye akacheka, na mimi nikapumua.

Jumatano iliyofuata mama alimwomba katekista nafasi ya kusema. Katekista alijikuna kichwa.

"Bibi, watu watasema tunafanya siasa."

"Na yule padri aliyehubiri mbele ya mkuu wa posto, alikuwa anafanya nini?"

Katekista akashindwa kujizuia, akacheka, akampisha mbele. Mama alisimulia yote akiwa amesimama, mkono mmoja kwenye nguzo. Alipomaliza alikaa, nami nikasoma tena ile sura, halafu ule mji unaoanguka. Safari hii hakutoka. Mzee mmoja wa nyuma akasema baba yake naye alipigwa kwenye posto ile ile, wala hakuwahi kumwambia mtu. Tukazungumza mpaka jua likashuka. Kama mtume alisema sawa au alikosea, hatukukubaliana. Mwanamke mmoja alisema yeye atamtii nesi na mwalimu, na wengine atawaangalia kwanza wanafanya nini. Hata katekista alitikisa kichwa kukubali.

Nyumbani mama alikula sana, akaniuliza kama sura nyingine za waraka ule ni ndefu.

Siku hizi mimi ndiye msomaji wake. Nikitoka shule nakuta mkeka umeshatandikwa uani, na mara nyingi jirani ameshakaa. Kabla sijafungua kinywa, mama huuliza kwanza: "Huyu alipoandika alikuwa wapi, kwake au kifungoni?" Nikijua namwambia. Nisipojua, namuuliza katekista tukikutana. Wiki iliyopita katekista mwenyewe hakujua, akasema hata wasomi wakubwa wanabishana. Nilipomletea mama jibu hilo alifurahi kupita kiasi, kwamba kuna jambo wasomi hawalijui. Akanyoosha miguu, akaegemea ukuta, akaniambia nisome tu.