Aliyeuawa Kabla Chai Haijapoa

Nakumbuka Jumapili moja tumetoka kanisani, tumebanana kwenye sofa ya kwetu hapa mtaani Hillbrow, tunamtazama mwanaume akiuawa kwa Kifaransa. Tulia, mwanangu. Najua mimi niko darasa la kumi na moja na wewe, mdogo wangu wa shule, la nane, lakini nina ndevu tatu na zinanipa haki ya kukuita hivyo.

Sofa hiyo ndiyo kitanda cha Tonton Bahati, mdogo wake mama. Kule kwetu Bukavu alikuwa muigizaji wa jukwaani. Sokoni watu walimwita kwa majina ya wahusika wake. Huku ugenini ni askari wa geti kwenye ofisi fulani Randburg, na hakuna anayemwita kwa jina lolote. Kila Jumapili alitukalisha mbele ya filamu za zamani za Kifaransa, si kwa ajili ya nyota, bali kwa ajili ya muigizaji mmoja mzaliwa wa Aljeria ambaye hata kwenye bango hayumo.

Nilimjua mzee huyo kuliko ninavyomjua mwalimu wangu wa hesabu. Alivuka bahari akiwa kijana, akaenda Ufaransa kuigiza. Wenye filamu wakampa kisu, awe mwizi. Chai yetu haijapoa, ameshapigwa risasi. Baadaye akawa mhudumu wa mgahawa, dereva wa teksi, mtu wa kuwanong'oneza polisi. Nywele zilipoanza kuwa nyeupe, wakakumbuka kwamba watu kama yeye nao huzaa, wakampa duka na binti wa kuozesha. Uzeeni kabisa, eish, wakamvika joho la hakimu. Jina lake huja mwisho, kwa herufi ndogo, watu wameshaenda chooni.

Tonton hutuambia tumtazame anavyoingia. Hata akibeba kikombe cha kahawa cha mtu mwingine, utaona ametoka mahali, na huko kuna mtu amemwacha. Mama, ambaye hanyamazi hata kwenye maombi, hapo hunyamaza.

Basi watu wa tamthilia ya televisheni wakaja kupiga picha kwenye zile ofisi za Randburg. Walitaka mtu wa kuinua kizuizi cha geti na kusema sentensi moja kwa gari linaloingia. Wakamchukua Tonton. Sentensi hiyo aliifanyia mazoezi mbele ya kioo, mbele ya friji, na kwa majirani ndani ya lifti, siku lifti ilipoamua kufanya kazi.

Nikamwambia, "Tonton, askari wa geti anaigiza askari wa geti? Si bora ulale tu, wakupige picha?" Binamu zangu wakacheka mpaka wakaangusha mito.

Hakukasirika. "Mimi pale getini nangoja zamu iishe," akasema. "Huyu wa kwenye tamthilia anamngoja mke wake. Kila gari analolifungulia, anachungulia ndani kwanza."

Mke wa Tonton yuko Bukavu mpaka leo. Nikainama kuokota mito, mwanangu.

Jioni tamthilia ilipoonyeshwa, nyumba ilijaa. Msusi wa ghorofa ya chini alikuja na mteja wake aliyesukwa nusu kichwa, mama mmoja tusiyemjua. Gari likafika getini. Tukaona mkono ukiinua kizuizi. Basi. Uso wameukata, na sentensi yote wameikata.

Nilikuwa na utani tayari, nikaumeza. Lakini ule mkono ulikawia hewani gari likishapita, vidole vimefunguka, kama wa mtu aliyetaka kulisimamisha akajizuia.

Yule mama wa nusu kichwa akauliza polepole, "Huyo anamngoja nani?"

Tonton akainamisha kichwa. Alikuwa anatabasamu, na macho yake yamejaa.

Sasa sikia, mwanangu. Taniana na watu, mimi mwenyewe bila utani ningekuwa nimeshakauka. Lakini ukimkuta mtu kasimama mlangoni pa wengine, usidhani alizaliwa pale. Kwao kuna kiti chake. Na wewe ukipewa sehemu ndogo, usiifanye kama ndogo. Ingia nayo ukiwa na mtu unayempenda moyoni, hata kama hakuna atakayemwona.

Mungu akupe jina kubwa juu ya bango. Akikunyima hilo, akupe hata mgeni mmoja wa kuuliza unamngoja nani. Na huyo unayemngoja, afike.